Mama na mbegu zake: kutoka milima ya Masisi hadi Bulengo, na kurudi

Katika vijiji vingi vya milima ya Masisi, Kivu ya Kaskazini, jiko ni nyumba ndogo iliyo pembeni ya nyumba ya kulala. Ukiingia na macho yakazoea moshi, tazama juu. Juu ya mafiga matatu kuna uchaga wa miti uliokuwa mweusi kwa masizi, na kwenye uchaga huo kuna mfuko uliofungwa kwa kamba ya mgomba. Mgeni anaweza kufikiri ni chakula cha akiba. Si chakula. Ni mbegu ya maharagi ya msimu unaokuja, na katika nyumba hiyo mtu mmoja tu ndiye mwenye ruhusa ya kuushusha mfuko huo: mama mwenye jiko.

Hii ni habari ya mama mmoja wa upande wa Kitshanga na mbegu zake. Jina lake halitajwi hapa kwa ajili ya usalama wake na wa watoto wake watano. Lakini wamama wengi waliohama makwao, wakisikia habari hii, watajitambua ndani yake.

Kabla ya vita kufika kwao, siku yake ilikuwa kama ya wamama wengine wa kijiji. Aliamka saa kumi na moja, kungali giza. Alifukua kaa la jana ndani ya majivu, akapuliza mpaka moto ukashika. Kisha akachukua bidoni ya litri 20 na kushuka bondeni kwenye chemchemi, pamoja na binti yake mkubwa aliyebeba bidoni ndogo ya litri 5. Kushuka ni rahisi. Kupanda mlima na maji mgongoni, kamba ikiwa imebana kipaji cha uso, ndiko kunakojulisha umri wa mama. Wakirudi, watoto wanakula viazi vitamu vilivyobaki usiku, wanaosoma wanaenda masomo, na mama anafunga mtoto mchanga mgongoni, anachukua jembe na kuelekea shambani.

Huko shambani hakulima peke yake. Walikuwa wamama sita waliosaidiana kwa zamu: leo shamba la huyu, kesho shamba la yule. Mwenye shamba la siku hiyo ndiye aliyepika. Palipokuwa na mgonjwa au mzazi mpya kati yao, shamba lake lililimwa kwanza, na hakuna aliyehesabu deni. Kwenye saa nane au saa tisa kila mmoja alirudi na mzigo: kuni, majani ya maharagi au lengalenga kwa mboga, na fungu la majani ya mbuzi juu yake. Halafu kutwanga, kupika, kuogesha watoto, kutafuta maji ya jioni. Baba akirudi, bugali na sombe viko tayari.

Mtu akitazama siku hiyo kutoka nje ataona mizigo tu: maji, kuni, mtoto, jembe, kitunga. Ndivyo mama wa kijiji anavyochorwa mara nyingi, ameinama chini ya mzigo. Ni kweli, mizigo ipo na ni mizito. Lakini kuna kazi nyingine anayoifanya akiwa ameketi, ambayo haina jasho na haionekani, na bila hiyo kijiji kizima hakili. Ni kazi ya kuchagua mbegu.

Kazi hiyo inafanyika baada ya mavuno. Maharagi yakiisha kukauka na kupigwa kwa fimbo juu ya shitingi, mama anaketi mlangoni na lungo mapajani. Anapepeta, anapuliza, kisha anachagua moja moja. Lililotobolewa na wadudu linatoka. Lililokunjamana linatoka. Lililovunjika linaenda kwenye sufuria ya leo. Yanayobaki si ya rangi moja: kuna mekundu, ya njano, meusi, meupe yenye madoa, na mengine madogo ya rangi ya udongo. Kijana aliyesoma mjini anaweza kusema mama huyu amechanganya mbegu kwa sababu hajui kilimo. Amezichanganya kwa sababu anakijua.

Mama mkwe wake ndiye aliyemfundisha. Mwaka alioolewa, msimu wa kwanza, yule mzee alimpa jembe na sahani tano za maharagi, akamweleza kila rangi kama mtu anavyoeleza watu wa ukoo. Haya mekundu sokoni yanapendwa, ndiyo yatakayokununulia chumvi na sabuni. Haya ya njano yanaiva upesi kwenye moto, yatakuokolea kuni. Haya madogo yanawahi kukomaa, utayala wakati nyumba za wengine zina njaa. Na haya meusi hayana sura, hakuna atakayeyanunua, lakini mvua ikizidi na mengine yakioza, yenyewe yatasimama. "Usiyatenganishe," mzee alimwambia. "Hujui mwaka unaokuja utakuwa wa nani."

Kisha akampa sheria moja tu: mbegu haipikwi. Chakula kikiisha, unaomba kwa jirani, unalima kwa watu upate sahani moja, unakopa kwenye chama cha kuweka na kukopa. Mfuko ulio juu ya moto hauguswi.

Sheria hiyo ina maana yake. Katika milima ya Kivu maharagi hupandwa mara mbili kwa mwaka: msimu wa kwanza kuanzia mwezi wa tisa, na wa pili kuanzia mwezi wa pili hadi wa tatu. Kati ya mavuno ya msimu mmoja na kupanda kwa msimu unaofuata kuna muda wa kungoja. Mama akila mbegu katika muda huo, hajala chakula cha siku mbili. Amekula miezi minne ijayo. Na si vyepesi kupata mbegu nyingine. Masisi ina vilima vingi vilivyozungushiwa nyaya kuwa malisho ya ng'ombe, na familia nyingi zinalima kipande kidogo cha ukoo au cha kukodi. Mtu anayelima kipande kidogo hawezi kujaribu mbegu asiyoijua. Anataka ile iliyokwisha kuzoea udongo wake.

Ndiyo maana kulikuwa pia na desturi ya kukopeshana. Mama aliyepatwa na ugonjwa, mvua ya mawe au mazishi, akakosa mbegu, alikwenda kwa mwenzake na sahani tupu. Alipewa sahani moja. Baada ya mavuno alirudisha mbili. Hakukuwa na karatasi wala shahidi. Wanaume walizungumza kwa shefu juu ya mipaka ya mashamba, juu ya ng'ombe na mahari. Habari ya mbegu haikufika huko, kwa sababu wamama walikuwa wameimaliza jikoni.

Mwishoni mwa mwezi wa kwanza 2023 vita kati ya jeshi na M23 vilifika Kitshanga. Mavuno ya msimu wa kwanza yalikuwa yameingia nyumbani. Mbegu ya kupanda mwezi wa pili ilikuwa imekauka na kutundikwa. Mume wake alikuwa mbali, upande wa Walikale, alikokwenda kutafuta kazi kwenye machimbo. Milio ilipokaribia, mama alikuwa na muda wa kubeba vitu viwili mbali na watoto. Alichukua sufuria, na alipanda juu ya gogo akashusha mfuko. Aliacha magunia mawili ya maharagi ya kula, aliacha mbuzi, aliacha nguo. Jirani aliyemwona njiani alimkaripia: "Mama, unabeba mbegu, utapanda wapi? Barabarani?"

Walitembea siku tatu mpaka Sake. Huko mama mmoja, ambaye hawakujuana kabla, aliwafungulia nyumba. Wenyeji wa Sake walipokea watu wengi namna hiyo, familia mbili au tatu ndani ya nyumba moja, kabla ya msaada wowote kufika. Wazee walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Siku ya tatu mgeni huyu aliomba jembe mwenyewe. Mwenyeji alikuwa na shamba lakini mbegu yake ilikuwa kidogo, kwani alikuwa amelisha wageni. Mgeni alikuwa na mbegu bila shamba. Waliketi na lungo moja kati yao na kugawa mfuko: nusu ipandwe Sake katika shamba la mwenyeji, kwa mavuno ya kugawana, nusu ibaki kwa mgeni, kwa siku ya kurudi nyumbani.

Siku hiyo haikuja upesi. Nyumba ilikuwa ndogo na watu waliendelea kufika. Baada ya majuma machache mama na watoto wake waliendelea mpaka kambi ya Bulengo, pembeni ya Goma, karibu na Ziwa Kivu.

Waliokaa Bulengo, Lushagala au Kanyaruchinya hawahitaji kuelezwa. Wasiokaa wajue hivi: kazi ya mama kambini ni ile ile ya kijijini, lakini kila kitu kilichoirahisisha kimeondolewa. Maji yapo, lakini ni ya kupanga mstari. Kuni ziko mbali, kwenye Mbuga ya Virunga, na wamama wengi walioingia humo kutafuta kuni walishambuliwa na kubakwa na watu wenye silaha, wengine hawakurudi. Ardhi ni mawe meusi ya volkano, jembe linagonga na kurudi. Wale wamama sita waliolimiana kwa zamu walitawanyika, kila mmoja kambi yake. Na chini ya shitingi hakuna uchaga, kwa sababu huwezi kuwasha moto ndani ya kibanda cha plastiki bila kuhatarisha kambi nzima.

Chakula cha msaada kilikuja, kikakawia, kikaja tena kikiwa kidogo. Kati ya mgao na mgao mama alifua nguo za watu mjini, alibeba mizigo sokoni, alipata franga za unga au hakupata. Mfuko wa mbegu aliufanya mto wa kulalia, kwa kuulinda na panya na wezi. Usiku mmoja mtoto wake wa tatu, mwenye miaka saba, akiwa na homa na njaa, aligusa mto huo na kuuliza: "Mama, haya maharagi ni ya nani?"

"Ni ya shamba."

"Shamba liko na njaa?"

Hakumjibu. Asubuhi alipika sahani moja. Alijiambia ni moja tu. Wiki iliyofuata alipika nyingine. Kufika katikati ya mwaka ule mfuko ulikuwa mtupu, na aliutumia kubebea makala.

Baadaye, akizungumzia jambo hilo, hakulia na hakujitetea. Alisema mama mkwe alimpa sheria ya kijiji, na kijiji kilikuwa na majirani wa kuombwa. Kambini jirani naye alikuwa na mto kama wake. "Sheria ya mbegu inahitaji watu wawili," alisema. "Mmoja wa kukataa kupika, na mwingine wa kumpa chakula ili aweze kukataa."

Maneno hayo yanaeleza vita hivi vizuri kuliko hotuba nyingi. Tunahesabu nyumba zilizochomwa na ng'ombe walioibwa, na ni haki kuvihesabu. Lakini ule mtandao wa sahani zilizokopeshwa na kurudishwa, kazi ya vizazi vya wamama, hauna mahali unapoandikwa, kwa hiyo hauhesabiwi kati ya hasara. Nao ndio wa kwanza kuvunjika familia zinapotawanyika, na ndio wa kwanza kuhitajika zinaporudi.

Kumbe nusu ya pili ilikuwa hai. Yule mama wa Sake alipanda msimu wa pili wa 2023, akavuna, akachagua, akapanda tena mwezi wa tisa. Mwezi wa pili 2024 vita vilifika Sake, na safari hii mwenyeji naye akawa mkimbizi. Alifika Bulengo na watoto, godoro, na bidoni ya njano iliyofungwa kifuniko. Alimtafuta mgeni wake wa zamani kwa siku nne, kibanda kwa kibanda. Walipoonana alitingisha bidoni ikalia, wote wawili wakajua ni nini.

"Nimezichanganya na zangu," mama wa Sake alimwambia. "Huwezi tena kuzitenganisha."

"Vema," alijibu mwenzake. "Basi hatuwezi kuzila bila kuulizana."

Lakini walijijua. Mmoja alikwisha kupika mbegu, na mwingine alikuwa na watoto wadogo wanne. Hawakuiweka bidoni kwa mmoja wao. Waliipeleka kwa mjane mzee wa kibanda cha tatu, koko asiye na mtoto wa kumlilia usiku, na wakapatana kwamba haitafunguliwa ila wakiwa wote watatu. Ndani walitia majivu makavu yaliyochekechwa, wakaijaza mpaka juu, wakafunga kifuniko kwa nguvu na kipande cha plastiki. Maharagi yaliyokauka vizuri, yakikaa na majivu mahali pasipoingia hewa, wadudu hawayawezi. Kwa malipo, koko alipewa sehemu ya kila walichokipata wawili hao mjini. Hivyo sheria ya mama mkwe ikapata tena watu wake. Bidoni ilikaa mwaka mmoja. Ilifunguliwa mara moja tu, mjukuu wa koko alipofariki na watu wa msibani walipokosa chakula. Walitoa sahani mbili, wakafunga tena.

Mwezi wa pili 2025, baada ya Goma kuchukuliwa na M23, kambi za pembeni ya mji zilivunjwa ndani ya siku chache. Watu walibomoa vibanda, wakafunga shitingi, wakabeba walichoweza. Wengi hawakuwa na hakika kama kwao kuna nyumba. Wamama watatu waligawa bidoni sawasawa. Koko, ambaye hakuwa na nguvu ya kulima, alichukua sehemu yake na kuisindikiza kwa mama wa Kitshanga: "Nipandie. Nikiwa hai nitakuja kula. Nisipokuwa hai, mpe mwingine."

Kwao, mama alikuta jiko limeanguka na mafiga matatu yakiwa mahali pake, yameota majani. Shemeji yake aliyerudi kabla alikuwa amelima shamba karibu lote. Walizungumza mbele ya wazee, naye akapewa sehemu ndogo kuliko ya zamani. Hakugombana sana mwaka ule, kwa sababu mvua ilikuwa imekwisha kuanza.

Kabla ya kupanda alijaribu mbegu, kwani zilikuwa zimekaa muda mrefu. Alihesabu ishirini za rangi zote, akazifunga katika kitambaa kilicholowa maji, akakiweka mahali pa joto na kukilowesha kila siku. Siku ya tano akafungua: kumi na nne zilikuwa zimetoa mzizi. Akajua atie tatu katika kila shimo pale alipozoea kutia mbili. Jambo hili kila anayerudi nyumbani na mbegu ya zamani anaweza kulifanya, halina gharama, na linaokoa msimu.

Alipanda. Mvua ilikuwa nyingi mwaka ule, na sehemu ya chini ya shamba ilioza. Alichovuna hakikufika hata nusu ya alichozoea kabla ya vita. Kabla ya kupima cha kula alitoa sehemu tatu: mbegu ya msimu unaokuja, mbegu ya koko, na sahani za kumtumia mama wa Sake, kwa sababu ya ile nusu iliyopandwa katika shamba lake wakati hapakuwa na shamba lingine. Mara akaanza kuwaona wengine waliorudi wakisimama mlangoni na sahani tupu. Aliwapa sita kati yao, sahani moja kila mmoja. Wanne amewajua tangu zamani. Wawili hawajui vizuri. Nao aliwapa, kwa desturi ile ile: utarudisha mbili.

Mashirika yanapogawa majembe na mbegu kwa wanaorudi, yanasaidia sana. Hata hivyo mara nyingine mfuko wa msaada una mbegu ya aina moja, na mara nyingine unafika mvua ikiwa imekwisha kupita. Viongozi wa vijiji na wale wanaopanga msaada wangefanya vema kuanza kwa swali dogo: katika kijiji hiki, ni mama gani bado ana mbegu, na nani anamdai nani? Majibu yapo. Yanatakiwa tu kuulizwa jikoni.

Jioni moja baada ya mavuno hayo mama aliketi mlangoni na lungo mapajani, binti yake mkubwa pembeni akijifunza kuchagua. Binti alikuwa akitoa maharagi meusi na kuyatupa katika sufuria ya kupika, kwa kuwa aliyaona mabaya. Mama alinyosha mkono, akayaokota moja moja na kuyarudisha kwenye lungo.

"Haya yaache," alimwambia. "Ndiyo yaliyosimama mvua ilipozidi."